Mazoezi ya alfajiri na darasa la stresi kule Forest, Mbeya: maoni yangu kwa anayefikiria kujiunga

Watu wengi wananiuliza hili kundi la mazoezi la Forest lina nini mpaka mimi mtu wa sokoni naamka saa kumi alfajiri na baridi hii ya Mbeya tena nalipia hela, sasa badala ya kumjibu mmoja mmoja naandika yote hapa, mazuri na mabaya, ili mtu akienda ajue anakwenda kukutana na nini. Jina la kundi siwezi kuwatajia kwa sababu hata wenyewe hawana jina, watu wanasema tu "kwa kochi" basi imetosha, ukifika Forest ukamuuliza bodaboda yeyote anayepaki karibu na uwanja wa shule atakuonyesha.

Kwanza mjue sio gym. Hakuna mashine, hakuna vioo, hakuna muziki. Ni uwanja wa shule, matairi ya lori ya zamani, ndoo za mchanga, kamba na filimbi ya kochi. Jumatatu, Jumatano na Ijumaa mnaanza saa kumi na moja na nusu alfajiri mpaka saa kumi na mbili na nusu, Jumamosi mnapanda mlima, halafu Alhamisi jioni kuna darasa kwenye ukumbi mdogo wa kuazima ambalo linaendeshwa na nesi mmoja mama mtu mzima, na hilo darasa ndio hasa lililonifanya nibaki. Ada ni elfu thelathini kwa mwezi, wiki ya kwanza ni bure unaangalia tu kama panakufaa.

Kitu cha kwanza nilichokipenda ni kwamba hawakupokei tu wakakuambia kimbia. Siku ya kwanza nesi anakukalisha kwenye benchi anakupima presha, anakuuliza sukari, magoti, mgongo, kama ulijifungua juzijuzi, kama kuna dawa unakunywa, na anauliza pia usingizi wako ukoje na nyumbani kukoje. Kuna mama nilienda naye siku moja, presha ilikuwa juu sana, hawakuchukua hela yake, walimwambia mama nenda hospitali kwanza ukirudi na daktari akiruhusu tutaanza na kutembea. Akaenda, akaanzishiwa dawa, akarudi, na sasa hivi tunatembea naye. Sehemu nyingine nimeshaona mtu anapokelewa na jasho la homa alimradi kalipa.

Sasa mazoezi yenyewe. Kochi alipitia jeshi, kwa hiyo mimi nilitegemea kelele na kurushwa kichura, ila yule mzee ana utaratibu wa ajabu, yaani anakupimia. Wiki za mwanzo ni kutembea haraka tu na kujinyoosha, pushapu unafanyia ukutani, skwati unakaa kwenye benchi na kuinuka, baadae unaanza jogingi kidogo unatembea kidogo, baadae ndio unaingia kwenye kile kilima cha nyuma ya shule na kubeba ndoo ya mchanga. Sheria yake moja hiyo haina mjadala, ukikimbia lazima uweze kuongea na jirani yako, ukiona huwezi kumaliza sentensi basi punguza, na akikuona umekaza meno unataka kumpita mwenzako anakupigia filimbi urudi nyuma. Hii ni muhimu sana kwa huku kwetu maana Mbeya mjini tu pale tuko kama mita 1,700 juu ya usawa wa bahari, hewa nyepesi, mgeni kutoka Dar akija akakimbia kama alivyozoea kule anashangaa moyo unataka kutoka, anadhani kaugua.

Jingine ni mapumziko. Jumanne hakuna kitu, na usije ukasema umejifanyia ya kwako nyumbani, kochi anakasirika kweli. Anasema mwili ni kama shamba, ukilima kila msimu bila kupumzisha udongo utavuna majani. Kwa kweli mwanzoni nilikuwa siielewi hiyo habari, nilikuwa naona kama naibiwa siku, mpaka nesi alipokuja kutuelezea darasani ndio nikapata picha kwamba misuli haikui ukiwa unabeba ndoo, inakua ukiwa umelala, kule kubeba ni kuiambia tu kwamba kazi imeongezeka jiandae. Yale maumivu unayosikia kesho yake na keshokutwa yake ni ya kawaida, yanaisha, ila ukimlazimisha mtu mwenye maumivu hayo abebe tena mzigo uleule kila siku ataumia au atakata tamaa.

Na hapohapo ndio nesi akaunganisha na mambo ya kichwani, hapa naomba nieleze vizuri maana ndio roho ya hii huduma.

Alitueleza hivi, kwamba ukipata mshtuko, iwe mbwa kakutokea gizani au mdai kasimama mlangoni, mwili haujali ni mbwa au ni deni, unafanya kitu kilekile. Inatoka homoni ya adrenalini, moyo unaenda mbio, mikono inatoka jasho, halafu inafuata homoni nyingine ya kotisoli kutoka kwenye tezi zilizo juu ya figo, sukari inamwagwa kwenye damu ili upate nguvu ya kupigana au kukimbia. Hiyo sio ugonjwa, Mungu katuwekea tuishi. Shida ni pale mbwa haondoki, deni liko pale wiki hii na wiki ijayo na mwezi ujao, mwili unabaki umewashwa usiku na mchana, ndio hapo usingizi unapotea, presha inapanda, mafua hayaishi, hasira karibu. Akatutajia daktari mmoja anaitwa Hans Selye, mwaka 1936 akiwa Kanada aliandika habari za panya aliowaweka kwenye baridi, wengine akawafanyisha kazi kupita kiasi, wengine akawapa sumu, na wote waliumwa kwa namna ileile. Kwanza mwili unashtuka, halafu panya anazoea mpaka unadhani kashinda, halafu hali ikiendelea muda mrefu bila kuachia, yule aliyezoea anaanguka. Mimi hilo neno la yule aliyezoea anaanguka liliniingia mpaka kwenye mifupa. Kwa sababu sisi wanawake wa sokoni tunasifiwa kwa kuzoea. Mama fulani yule chuma, hajawahi kulalamika, kafiwa na Jumatatu yuko mezani anauza. Tunasifiwa hivyo halafu siku moja mtu anadondoka na kiharusi mbele ya gunia la maharage watu wanasema sijui karogwa.

Kwa hiyo darasa lao halikufundishi kuvumilia zaidi, kuvumilia tunakujua wote. Wanakufundisha kuingia kwenye ugumu kwa kiasi halafu kutoka, kuingia na kutoka, mpaka mwili na akili vikajua njia ya kurudi chini. Sijawahi kukuta sehemu nyingine hapa mjini wanaofundisha hicho cha pili, kutoka. Wengi wanafundisha kuingia tu.

Njia ya kwanza ya kutoka ni pumzi. Unavuta kwa pua unahesabu mpaka nne taratibu, unatoa unahesabu mpaka sita, hapo kwa dakika moja inakuwa pumzi kama sita hivi. Nesi anasema kuna mshipa wa fahamu unaitwa vegasi unaoshuka kutoka kwenye ubongo unapita kwenye moyo mpaka tumboni, na unapotoa pumzi kwa urefu huo mshipa unaupunguzia moyo spidi. Tunaifanya mara baada ya kupanda kilima, moyo ukiwa bado unagonga, mikono kiunoni, wote kimya, na unausikia kabisa moyo unavyoshuka. Ujanja wao uko hapo, hawakufundishi kupumua ukiwa umekaa vizuri kwenye kiti tu, wanakufundisha ukiwa umechemka, ili siku ukichemka kwa jambo la kweli mwili ukumbuke wenyewe.

Na siku yenyewe kwangu ilikuja. Mimi nauza nafaka Mwanjelwa, nilichukua mkopo wa hizi zinazoitwa kausha damu kwa ajili ya kununua mahindi, bei ikashuka, na sehemu ya mzigo ikabunguliwa, rejesho la kila wiki likawa halitoki. Wakaja vijana wawili wa ile taasisi, saa tano asubuhi soko limejaa, wanaongea kwa sauti ya kusikika mpaka kwa wauza nyanya. Zamani ningelia au ningewatukana, na yote mawili nimeshayaona kwa wenzangu hayasaidii. Nilisimama nikakanyaga chini vizuri miguu yote miwili nikatoa ile pumzi ndefu, nikatoa tena, nikawaambia kaka zangu karibuni mkae, leo nina hiki hapa, kilichobaki naomba tukigawe mara nne, niitieni bosi wenu kwenye simu niongee nae. Walikataa. Nikarudia vilevile bila kupandisha sauti. Mwisho wakapiga simu, bosi akakubali mara tatu sio nne. Deni halikufutika, ila niliendelea kuuza siku ile mpaka jioni, na usiku nikalala, hiyo ndio tofauti ninayoweza kuisemea kwa kinywa changu.

Sasa hizo hoja za kusema siku ile sikuzitoa hewani, nilikuwa nimeshaziandika darasani. Nesi ana zoezi la karatasi, unaikunja katikati, upande mmoja unaandika yaliyo kwenye uwezo wako upande wa pili yasiyo kwenye uwezo wako. Mimi upande wa pili nikaweka bei ya mahindi, mvua, na tabia za wale vijana. Upande wa kwanza nikaweka yale mahindi yaliyobunguliwa niyauze kwa wafuga kuku kabla hayajawa unga kabisa, nimwambie mwenyekiti wa kikoba ukweli, nisichukue mkopo mwingine kulipia huu, niombe kugawiwa rejesho. Halafu anakwambia chagua kimoja tu cha kufanya kabla ya Alhamisi ijayo, na Alhamisi anakuuliza mbele ya wenzako umefikia wapi. Wala hagombi kama hujafanya, anauliza tu kilichokuzuia ni nini, mnakipunguza kinakuwa kidogo zaidi mpaka kifanyike.

Alituambia kwamba hii ya kuchagua tatizo moja na kulipangia hatua ndio wanayotumia bibi wa Zimbabwe, kule Harare kuna daktari wa magonjwa ya akili anaitwa Dixon Chibanda alianzisha tangu 2006 mpango wa kuwafundisha bibi wa mitaani kukaa kwenye mabenchi karibu na vituo vya afya na kusikiliza watu wenye mawazo mengi, kwa sababu madaktari wa akili walikuwa wachache mno nchi nzima, na utafiti uliotoka 2016 ukaonyesha waliokaa na hao bibi walipungukiwa na dalili kuliko waliopata huduma ya kawaida. Mama mmoja muuza viazi wa Uyole alivyosikia hivyo akasema ndaga, yaani asante kwa kilugha, kumbe na sisi tunaweza, na tangu siku ile kweli wamama watu wazima wawili wa kundi wanafundishwa na nesi namna ya kusikiliza bila kuhukumu wala kukimbilia kutoa ushauri. Naombea sana hili liendelee.

Kwenye usingizi wanakaza kweli. Masaa saba kwa mtu mzima, na ukisema unalala manne hawakuongezei mazoezi hata ukitaka. Kwetu shida kubwa ni chai. Sisi tunakunywa chai ya rangi kali ya Rungwe usiku kwa ajili ya baridi, nesi akatueleza kwamba kafeini inakaa mwilini, baada ya masaa matano hivi nusu yake bado iko ndani, sasa ukinywa vikombe viwili saa mbili usiku utashangaa nini saa saba umekodoa macho unahesabu madeni. Nikabadilisha, chai mwisho saa tisa mchana, jioni nakunywa maziwa ya moto au mchaichai. Nyumbani walilalamika ila wamezoea.

Halafu kufuatiliana. Ukikosa alfajiri mbili mfululizo bila taarifa kuna mtu atakuja mpaka kwako, sio simu, mtu na miguu yake. Nilipofiwa na shangazi walikuja kukaa matanga, hawakuleta maneno mengi, walichota maji, waliosha vyombo, mmoja alinishikia meza sokoni. Nesi alitusimulia utafiti wa mama mmoja anaitwa Emmy Werner na wenzake waliofuatilia watoto 698 waliozaliwa mwaka 1955 kwenye kisiwa cha Kauai huko Hawaii mpaka wakawa watu wazima, na kati ya wale waliokulia kwenye shida nyingi, umaskini, ugomvi wa nyumbani, mzazi mlevi au mgonjwa, kama theluthi moja walikua vizuri wakajitegemea, na kitu kimoja kilichojirudia kwao ni kwamba kila mmoja alikuwa na mtu mzima hata mmoja tu aliyemshikilia bila kumuacha, anaweza kuwa bibi, mwalimu, jirani. Mimi nina watoto watatu, nilirudi nyumbani siku hiyo nikamwambia mdogo wangu wewe ndio shangazi yao, usiache kuja.

Kuna mzee mmoja pale tunamuamkia shikamoo wote, aliendesha malori ya Zambia miaka mingi, alipata ajali kwenye mteremko wa Iwambi na utingo wake alifariki. Hiyo tu ndio tunayoijua na aliitoa mwenyewe kwa muda wake. Nasema hili kwa sababu nimeshahudhuria semina sehemu nyingine mtu anasimamishwa mbele aeleze kila kitu kilichompata na kulia mbele ya watu kwa madai ya kutoa sumu. Hapa hakuna hicho kitu. Nesi anasema kumlazimisha mtu asimulie balaa lake kabla hajawa tayari kunaweza kumuumiza tena, unakaa nae, unahakikisha kala, kalala, ana watu wake, akitaka kuongea unasikiliza. Yule mzee anatembea na sisi, anacheka, siku hizi kuna asubuhi anaongoza nyimbo za mchakamchaka.

Jumamosi sasa. Mara nyingi tunapanda upande wa Loleza, ule mlima unaouona ukiwa mjini, kilele chake ni zaidi ya mita 2,600 ila sio kila wiki tunafika juu, inategemea watu waliokuja. Hapa ndio wanafanya lile zoezi la kuingia kwenye ugumu kwa makusudi. Kama mvua imenyesha tunaenda vilevile, kama ni mwezi wa sita au wa saba na ukungu umeshuka mpaka huoni mgongo wa mwenzako tunaenda vilevile, alimradi hakuna radi, radi ikipiga kochi anageuza kundi zima saa hiyohiyo. Kabla ya kuanza kila mtu anamwambia jirani yake sehemu gani itamshinda na atajiambia nini akifika hapo. Mimi yangu huwa ni ile sehemu ya mwinuko baada ya misitu ambapo unadhani umefika kumbe bado, na maneno yangu ni hatua ishirini halafu nitaangalia. Nikimaliza ishirini naangalia, nahesabu nyingine. Njia hii ya kujiandaa kabla, ukaijaribu kwenye ugumu mdogo kwanza halafu mkubwa, mwanasaikolojia Donald Meichenbaum alianza kuifanyia kazi tangu miaka ya 1970, na kwa kweli inafanya kazi hata kwenye mambo ambayo hayana mlima, mwanangu wa kidato cha nne ameitumia kwenye mtihani wa hesabu.

Safari ya Ziwa Ngozi ndio iliyonikaa zaidi moyoni. Mnashuka Isongole kwenye barabara ya Tukuyu, mnaingia msituni, njia ina tope na mizizi na ile sehemu ya mwisho unapanda kwa mikono na miguu, halafu ghafla ziwa hilo hapo chini ya kingo. Kulikuwa na dada ambaye alikuwa hajaongea na kundi tangu ajiunge, alikuwa ametoka kwenye ndoa yenye kipigo. Alipofika juu alikaa kwenye jiwe akaanza kutuhadithia habari za ng'ombe wa baba yake kule Kyela, nusu saa nzima, majina ya ng'ombe na rangi zao, na sisi tukasikiliza majina ya ng'ombe. Hakuna aliyemuuliza kingine.

Sasa mabaya, maana yapo.

Choo hakuna. Uwanja ni wa shule na alfajiri vyoo vimefungwa, kwa mwanamke hii ni shida kubwa hasa siku zake, tumeomba tupewe funguo moja na ada yetu itumike kulipa mfagiaji, mpaka leo tunaambiwa linashughulikiwa. Pili njia ya kwenda ni giza, saa kumi na moja alfajiri kuna mbwa na kuna vijana wasioeleweka, sisi wa upande wa Mafiati tumejipanga tunachukua bajaji moja watu watatu, ila mtu anayekaa peke yake upande mwingine asiende kwa miguu peke yake, na kundi lilitakiwa lipange hili lenyewe wala wasiachie memba. Tatu kuna yule kochi msaidizi kijana, anapenda kupigia watu kelele za legelege nyie, na wapya kadhaa waliondoka kwa sababu yake. Tulilisema kwenye kikao, kochi mkubwa akamrekebisha, siku hizi amepunguza ila bado kuna siku zinamponyoka. Nne darasa la Alhamisi linachukua muda wa saa moja tu na watu wameongezeka, unaweza kutoka hujapata nafasi ya kusema kitu, naona wangegawa makundi mawili. Masika uwanja unakuwa bwawa na hawana sehemu mbadala. Na grupu la wasap limejaa matangazo ya mafuta ya kupunguza tumbo, mimi nimelizima sauti.

Bei. Elfu thelathini kwa mtu wa meza sokoni sio ndogo, na Jumamosi za mbali kama Ngozi unachangia nauli pembeni. Ila wana utaratibu ambao hawautangazi, ukimfuata nesi pembeni ukamwambia hali yako unalipa kidogokidogo, au unalipa kwa kazi, kuna kaka anapanga matairi na kufagia na halipi kitu. Nililinganisha na gym moja ya mjini niliyowahi kwenda, ada ilikuwa zaidi ya hapo, mashine nzuri hilo siwezi kukataa, ila mkufunzi alikuwa na simu yake muda wote na ukichoka unaambiwa huna nia. Kwa anayetaka misuli ya picha aende kule. Kwa upande wa afya tu, Shirika la Afya Duniani linasema mtu mzima apate angalau dakika 150 za mazoezi ya wastani kwa wiki, pale kwa kochi siku tatu tu unakuwa umeshavuka kabla hujahesabu mlima. Na kama hela haipo kabisa, kuna vikundi vya jogingi vya bure vya Jumapili, tembea nao, pumzi na karatasi nimeshawaelezea hapa juu.

Mimi nawapa nyota nne kati ya tano, hiyo moja nimeizuia kwa sababu ya choo na giza, wakirekebisha naijaza.

Kuna watu ningewaambia wasianzie hapa. Kama una wiki na wiki huna hamu ya kitu chochote, huli, hulali, unaona bora usingekuwepo, hiyo inaweza kuwa sonona na inatibika, nenda hospitali ya rufaa ya kanda pale Mbeya uombe kuonana na watu wa afya ya akili, na mwambie mtu mmoja wa nyumbani akusindikize leo, usisubiri Jumatatu. Nesi mwenyewe anawapeleka watu hapo, ameshampeleka mmoja wetu kwa mkono wake na akamsubiri mpaka akatoka, na yule mtu baada ya matibabu kuanza amerudi kwenye kutembea. Mazoezi hayashindani na dawa. Wajawazito wanapokelewa ila wanatembea tu na kujinyoosha, na lazima kliniki iwe imeruhusu.

Wapya wanaanza kila Jumatatu ya kwanza ya mwezi. Njoo na raba zenye meno maana ule uwanja unateleza kwa umande, chupa ya maji, sweta ambalo utaweza kulivua na kulifunga kiunoni, kofia ya kuziba masikio kuanzia mwezi wa tano mpaka wa nane, na kadi yako ya kliniki kama una presha au sukari. Wadada, trakisuti au sketi ndefu yenye taiti ndani vyote wanakubali, hakuna anayekuangalia. Na wa Mafiati, Soweto na Kabwe mnaotaka kuchangia bajaji, sisi tunaondokea pale mataa ya Mafiati saa kumi na moja kamili, nafasi moja iko wazi.